Mashine mama: kwa nini chuma kinachozaa mashine zote kiko mikononi mwa wachache

Mwaka jana shafti ya mashine ya kusaga ya mjomba wangu ililika pale inapokaa beringi. Tukaipeleka Gerezani, Dar es Salaam, kwa fundi anayekereza vyuma kwenye banda lisilozidi upana wa daladala. Akaijaza kwa kuchomelea, akaifunga kwenye leithi, mashine inayozungusha chuma huku kisu kikikikata, iliyomzidi umri, akaanza kuikereza. Chuma kikawa kinadondoka kimejikunja kama tambi. Kila baada ya muda anasimamisha, anaifuta shafti kwa kiganja, anapima kwa vania. Mara ya nne akaguna. Upande wa karibu na chaki, yaani taya za leithi zinazoikamata kazi, shafti ilikuwa nene kidogo kuliko upande wa pili, ingawa kisu kilipita mara moja tu, mwendo mmoja, bila kuguswa.

“Kaka, hapa usinilaumu mimi,” akasema. “Kitanda kimelika. Kazi zote tunafanyia huku karibu na chaki, ndiko kumekwisha. Kule mwisho bado kuzima.”

Akamalizia kwa msasa, beringi ikakaa, tukalipa, tukaondoka. Kitanda anachokisema ni ile reli nene ya chuma ambayo kibeba kisu huteleza juu yake. Reli ikiwa na bonde, kisu nacho huingia bondeni, na bonde hilo linachapwa kwenye kila shafti inayopita hapo. Mtoto wa nyoka ni nyoka. Shafti yetu ilikwenda kusaga unga, kwa hiyo haikudhuru. Ingekuwa inakwenda kufungwa ndani ya leithi nyingine, leithi hiyo ingezaliwa na kilema, na vyuma vyake navyo vingekirithi.

Tasnia ninayotaka kuifafanua hapa imejengwa juu ya tatizo hilo la fundi wa Gerezani. Wachina huziita mashine za aina hii “mashine mama za kazi”, nami nitaliazima jina hilo. Ndizo leithi, mashine za milingi ambazo kisu ndicho kinachozunguka, za kutoboa, za kusaga chuma mpaka king'ae, presi za kubana bati na mashine za kukata kwa leza. Karibu kila kitu cha kiwandani kimepita mikononi mwao. Hata chupa ya maji ya plastiki, ambayo haina chuma, ilitoka kwenye kalibu, na kalibu hiyo ilichongwa na mashine mama.

Kifedha ni tasnia ndogo. Mashine mama zote zinazotengenezwa duniani kwa mwaka zina thamani ya kama euro bilioni 80. Kundi la Volkswagen peke yake huuza zaidi ya mara tatu ya hapo. Lakini Volkswagen isingeweza kutengeneza hata giaboksi moja bila mashine hizo, na ndiyo maana serikali kubwa huzilinda kwa wivu usiolingana na bei yake.

Unyoofu wa kwanza ulitoka wapi?

Ikiwa mashine haiwezi kuzaa kitu kilichonyooka kuliko yenyewe, ile ya kwanza iliyonyooka ilitoka wapi? Swali hili lilinisumbua siku kadhaa baada ya Gerezani.

James Watt lilimsumbua miaka. Injini yake ya mvuke ilikuwa na akili nyingi kwenye karatasi, lakini silinda zilizopatikana hazikuwa duara sawasawa, mvuke ukawa unavuja kando ya pistoni. Aliyemwokoa ni John Wilkinson, mtengenezaji wa mizinga wa Uingereza, ambaye mwaka 1774 alisajili mashine ya kutoboa mizinga kwa usahihi ambao haukuwahi kuonekana. Akaitumia kanuni hiyo kwa silinda za Watt. Mwaka 1776 Matthew Boulton, mshirika wa Watt, aliandika kwa furaha kwamba silinda yenye kipenyo cha inchi 50 haikukosea popote kwa zaidi ya unene wa shilingi kuukuu. Yaani kosa la karibu milimita nzima lilikuwa jambo la kusherehekea. Leo mashine nzuri hupimwa kwa maikroni, ambayo ni sehemu moja ya elfu ya milimita. Unywele wa kichwani ni kama maikroni 50 hadi 100.

Hatua iliyofuata ndiyo inayonivutia zaidi, kwa sababu inafanyika kwa mikono mitupu. Henry Maudslay wa London, aliyetengeneza leithi ya kukata nyuzi za skrubu mwishoni mwa karne ya 18, na baadaye Joseph Whitworth aliyepitia kwenye karakana yake, walitumia sahani tatu za chuma. Ukichukua sahani mbili ukazipaka rangi na kuzisugua moja juu ya nyingine, utaona zinapogusana, utakwangua vinundu, na mwishowe zitalingana. Lakini kulingana si kunyooka. Moja inaweza kuwa na tumbo na nyingine bonde, zikakaana kama sufuria na mfuniko wake. Leta sahani ya tatu. Ilinganishe na ya kwanza, kisha na ya pili, halafu rudia mzunguko, ukikwangua kila panapogusa. Sahani yenye tumbo haiwezi kulingana na yenye tumbo mwenzake. Zote tatu zikishalingana kwa zamu bila kubakiza, hali ni moja tu inayowezekana: zote zimenyooka.

Kwa hiyo unyoofu wa kwanza haukuzaliwa na mashine. Ulizaliwa na subira ya mtu mwenye kikwaruzo mkononi. Kazi hiyo haijafa. Katika viwanda bora vya Japani na Uswisi mpaka leo yuko fundi anayeinama juu ya kitanda cha mashine ya mamilioni, anakwangua maikroni moja hapa na mbili pale, na kujifunza kazi hiyo humchukua miaka.

Wapinzani wa unyoofu ni vitu ambavyo sisi hatuvijali. Joto, kwa mfano. Chuma cha mita moja hurefuka kwa kama maikroni 11 au 12 kwa kila nyuzi moja ya Selsiasi. Banda la Gerezani likiwa na nyuzi 26 asubuhi na 33 saa nane mchana, chuma cha mita moja kimeshaongezeka unene wa unywele kabla fundi hajagusa kitu. Ndiyo sababu karakana za kazi nyeti huwa na kiyoyozi mchana na usiku, na si kwa ajili ya wafanyakazi.

Kiti cha enzi kimehama mara tatu

Baada ya Waingereza walitawala Wamarekani. Mwaka 1952, kwenye chuo cha MIT, ilionyeshwa mashine ya milingi iliyokuwa ikisoma maagizo kutoka kwenye utepe wa karatasi wenye matundu. Wazo lilianzia kwa John Parsons wa Michigan, aliyekuwa akihangaika na maumbo ya mapanga ya helikopta, na fedha zilitoka Jeshi la Anga la Marekani. Hapo ndipo ilipoanzia njia iliyokuja kuzaa CNC, mashine inayoongozwa na kompyuta.

Ajabu ni kwamba waliozaa hawakulea. Mteja mkubwa alikuwa jeshi, na jeshi lilitaka mashine tata zenye kuchonga maumbo magumu ya ndege, bei ikiwa jambo la pili. Japani, Seiuemon Inaba wa kampuni ya Fujitsu alianza kushughulikia vidhibiti hivyo mwaka 1956. Mwaka 1972 kitengo chake kikawa kampuni inayojitegemea, FANUC, ambayo leo ina makao chini ya Mlima Fuji na kila kitu chake ni cha rangi ya njano, kuanzia roboti hadi majengo. Wajapani walitengeneza ubongo mmoja wa kawaida, wa bei nafuu, usioharibika ovyo, wakauuza kwa watengeneza leithi wote. Leithi hizo zikaingia kwenye karakana ndogo za watu watano, sita. Wamarekani walikuwa wakiwauzia matajiri. Wajapani wakawauzia akina fundi. Mwaka 1982 Japani ikawa mzalishaji wa kwanza duniani na ikakaa hapo miaka 27.

Mwaka 2009 China ikakikalia kiti hicho, na haijashuka. Leo inatengeneza kama theluthi moja ya mashine mama zote duniani, na inatumia kiasi kama hicho. Nyuma yake wako Wajerumani na Wajapani, kisha Italia, Marekani, Korea Kusini, Taiwan na Uswisi. Orodha inakaribia kuishia hapo. Nchi nane hivi.

Kinachochanganya wengi ni kwamba China hiyo hiyo, bingwa wa wingi, bado ni mmoja wa wateja wakubwa kabisa wa mashine za Japani na Ujerumani. Inauza nyingi za kawaida, inanunua zile za juu. Ukiifungua mashine nzuri ndani utaelewa. Kuna spindo, shafti inayoshika kisu au kazi, inayozunguka maelfu ya mara kwa dakika bila kutetemeka, na beringi zake. Kuna skrubu ya gololi inayosogeza meza. Kuna reli za kuteleza, ambazo kampuni ya THK ya Japani ilianza kuziuza mwaka 1972 na Hiwin ya Taiwan ikafuata. Kuna vipimo vya kioo vinavyoiambia kompyuta meza iko wapi, eneo ambalo Heidenhain ya Bavaria ni mfalme. Na kuna ubongo wenyewe, wa FANUC, Siemens au Mitsubishi. Kampuni nyingi zinazobandika jina kwenye mashine hununua viungo hivi kutoka kwa hao hao wachache. Chuma kizito cha nje kinaweza kusubuliwa popote. Maikroni ziko kwenye viungo.

Kisa cha Shenyang kinafundisha zaidi ya takwimu. Kiwanda hicho cha serikali, kaskazini mashariki mwa China, kiliinunua kampuni kongwe ya Kijerumani, Schiess, mwaka 2004. Mwaka 2011 kilikuwa cha kwanza duniani kwa mauzo. Kilibuni hata ubongo wake wa CNC. Lakini kiliuza mashine nyingi zenye faida ndogo kwa mikopo mikubwa, na mwaka 2019 kilikuwa mahakamani kikipangiwa upya madeni, kikaishia mikononi mwa shirika jingine la serikali. Ukubwa haukukisaidia kitu. Wanaosumbua Wajapani sasa ni kampuni binafsi za Kichina zenye kelele kidogo, zilizokulia kwenye kuwahudumia watengeneza simu na magari ya umeme, ambao ni wateja wakali wanaorudisha mashine ikikosea. Kwa maoni yangu hapo ndipo hatari yao ilipo kwa washindani: wamepata wateja wa kuwafundisha.

Biashara ya njaa na shibe

Kuna jambo jingine linalowatoa watu kwenye tasnia hii, nalo ni hesabu nyepesi. Chukua karakana yenye leithi 10, kila moja ikidumu miaka 10. Mwaka wa kawaida mwenye karakana hununua leithi 1 kuziba iliyochoka. Kazi zikiongezeka kwa asilimia 10 anahitaji leithi 11, kwa hiyo ananunua 2. Oda zimekuwa maradufu. Kazi zikipungua kwa asilimia 10, leithi 9 zinamtosha: iliyochoka anaiuza kwa chuma chakavu, hanunui kitu. Oda sifuri. Uchumi umepiga chafya tu, mtengeneza leithi yuko mahututi.

Si hesabu ya ubaoni. Viwanda vya Japani vilipokea oda za yeni trilioni 1.59 mwaka 2007. Mwaka 2009, baada ya benki za Marekani kuyumba, zilikuwa bilioni 412, yaani kama robo. Zikapanda hadi rekodi ya trilioni 1.8 mwaka 2018, zikaporomoka hadi bilioni 900 mwaka wa korona, zikarudi trilioni 1.76 mwaka 2022, na 2023 na 2024 zikacheza kwenye trilioni 1.49. Mpe meneja anayeripoti kwa wanahisa kila miezi mitatu biashara ya namna hiyo, atafukuza mafundi kila njaa ikiingia. Shibe ikirudi hana wa kukwangua kitanda. Ndiyo maana kampuni nyingi zilizodumu ni za familia, kama Trumpf ya Ujerumani na Mazak ya Japani, au zile zinazolalia akiba nene ya fedha kama FANUC. Haas ya California, kubwa kuliko zote zilizobaki Marekani, nayo ni mali ya mwanzilishi wake.

Hali hiyo imeanza kubadilika. Desemba 2024 Nidec, kampuni ya mota za umeme ya Kyoto iliyokuwa imeshanunua watengeneza mashine kadhaa, ilitangaza bila kualikwa kwamba inataka kuinunua Makino, moja ya majina yanayoheshimika kwa kuchonga kalibu. Makino ikagoma, na Mei 2025 Nidec ikaondoa ombi lake. Japani, nchi ambayo kununuana kwa nguvu kulionekana utovu wa adabu, iliduwaa.

Na magari ya umeme yamewaongezea jasho, Wajerumani hasa. Injini ya petroli ni sherehe ya wachonga vyuma: kranki shafti, kamshafti, silinda hedi, pistoni, valvu, gia za kila aina, kila kimoja na mashine zake. Mota ya umeme haina hata robo ya vitu hivyo. Tena Tesla ikaanzisha kumimina sehemu nzima ya nyuma ya gari kwa pigo moja la presi kubwa za Idra, kampuni ya Italia inayomilikiwa na LK ya Hong Kong, mahali palipokuwa na vipande kadhaa vya kukatwa na kuchomelewa. Wenye nafuu ni waliogeukia injini za ndege, viungo bandia vya nyonga na magoti, na vifaa vya kutengenezea chipu.

Redio kaseti iliyopondwa kwa nyundo

Kiangazi cha 1987 wabunge wa Marekani walitoka nje ya bunge lao wakiwa na nyundo kubwa, wakaipondaponda redio kaseti ya Toshiba mbele ya kamera. Redio haikuwa na kosa. Kosa ni kwamba kampuni tanzu, Toshiba Machine, mwanzoni mwa miaka ya 1980 iliuzia Urusi ya Kisovieti mashine za mihimili tisa, yaani zenye njia tisa za kusogea, za kuchonga mapangaboi makubwa ya meli, zikiwa na vidhibiti vya Kongsberg ya Norwei, kinyume na marufuku ya nchi za Magharibi. Pangaboi lililochongwa vizuri halipigi kelele majini. Wamarekani waliokuwa wakizisikiliza nyambizi za Urusi walilalamika kwamba masikio yao yamezibwa. Mwenyekiti na rais wa Toshiba wakajiuzulu.

Marufuku zile zilirithiwa na makubaliano ya Wassenaar ya mwaka 1996, ya nchi zinazodhibiti uuzaji wa silaha na teknolojia nyeti, na bado yanabana. Mashine ya mihimili mitano, ile inayoweza kuinamisha kisu au kazi na kuchonga umbo kama bawa la tabo kwa kufungwa mara moja, haiuzwi kwa yeyote mwenye fedha; muuzaji huomba kibali na kueleza itawekwa wapi. Mashine nyingi za Kijapani za daraja hilo zina kihisi ndani: ukiihamisha kutoka ilipofungwa, inajifunga mpaka kampuni iifungue. Tangu Februari 2022, vita vya Ukraine vilipopanuka, mlango wa Magharibi umefungwa kwa Urusi, na mashine za Kichina ndizo zilizojaza pengo.

Huku kwetu tulishawahi kuujaribu mlima huu. Wachina walipojenga reli ya TAZARA walijenga karakana kubwa Mang'ula, Kilombero, ambayo baadaye ikawa kiwanda cha mashine. Wilayani Hai, miaka ya 1980, kilijengwa Kilimanjaro Machine Tools kwa msaada wa Bulgaria, kwa lengo hasa la kutengeneza mashine mama hapa hapa. Uzalishaji wake ulikuja kufifia kwa miaka mingi, na Shirika la Maendeleo la Taifa limekuwa likikifufua. Nairobi, mradi wa gari la Nyayo ulioanza 1986 haukufikisha magari sokoni, lakini uliacha karakana iliyokuja kuwa Numerical Machining Complex. Sioni aibu katika majaribio hayo. Nikizingatia hesabu ya leithi 10 na 11, kiwanda cha mashine mama katika nchi yenye karakana chache hakina wa kumuuzia mwaka wa njaa, hata kingekuwa na mafundi wa Uswisi.

Siku hizi CNC imeingia mitaani kwa mlango mwingine. Mtu anayejenga atakuambia anataka “geti la CNC”, akimaanisha bati lililokatwa maua na mashine ya Kichina ya plazma au leza. Maua hayo hayahitaji maikroni. Kosa la nusu milimita hakuna jirani atakayeliona. Lakini kijana anayeiendesha anachora kwenye kompyuta, anapanga njia ya kukata, anajua mhimili ni nini.

Nilirudi Gerezani juzi na bolti iliyokatikia ndani ya bloku. Nikamuuliza fundi wangu kwa nini asikipeleke kile kitanda kikasagwe upya, bonde liishe. Akaendelea kufunga kisu bila kuniangalia.

“Kitanda hiki kina mita mbili,” akasema. “Mashine ya kukisaga lazima iwe na kitanda kirefu kuliko hiki. Na kilichonyooka kuliko hiki. Wewe unaijua iko wapi?”